Shajara ya mradi: kisanduku cha sentimita 10 na slabu ya Mbagala

Jumamosi, 11 Januari

Mpwa wangu amesema mradi usioandikwa ni hadithi za kijiweni. Yeye ndiye aliyesomea mawasiliano chuoni, mimi ni fundi redio wa kujifunzia mtaani, basi nimekubali kushika kalamu.

Tunataka mambo mawili. Kwanza, kufunga antena juu ya slabu ya nyumba ya mama hapa Mbagala (ghorofa imesimama tangu mwaka juzi, nondo zimebaki zinachungulia mbingu) na kuisikia kwa masikio yetu satelaiti moja ndogo ikipita. Pili, kutengeneza mfano wa mezani wa satelaiti ya aina hiyo, kwa vipimo vyake vya kweli, ili vijana wa mtaani waishike mkononi waone ndani mna nini. Kurusha haturushi. Pesa hiyo hatuna, na tusije tukamdanganya mtu.

Tunayoiwinda inaitwa XI-IV. Iliundwa na wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Tokyo, ikaruka tarehe 30 Juni 2003 kutoka Plesetsk, Urusi, ndani ya kundi la kwanza kabisa la hizi zinazoitwa CubeSat. Ni mchemraba wa sentimita 10, kilo moja hivi. Mwaka ule mimi nilikuwa nabadilisha spika za redio kaseti. Redio kaseti zimekufa zote, nyingine nimezizika mwenyewe, na kisanduku kile bado kinapiga mlio wa Morse (herufi zilizogeuzwa kuwa milio mifupi na mirefu) kwenye megahezi 436.8475 kwa miliwati 80 hivi. Ndiyo sababu nimekichagua. Ningeweza kuchagua satelaiti yenye sauti kubwa zaidi, lakini fundi humheshimu mzee aliyedumu.

Kwa nini sentimita 10? Mwaka 1999 walimu wawili wa California, Bob Twiggs wa Stanford na Jordi Puig-Suari wa Cal Poly, walikuwa wanatafuta satelaiti ambayo mwanafunzi anaweza kuimaliza kabla hajamaliza shahada. Twiggs amesimulia kwamba ukubwa aliupata dukani: aliona kikasha cha plastiki cha kuwekea midoli ya Beanie Babies, akakadiria kama seli za jua zitaenea ubavuni, akaona zinaenea. Basi.

Mpwa wangu alicheka. Mimi sikucheka, maana nimekua na debe. Debe lilikuja nchini kama bati la mafuta ya taa. Mafuta yakaisha, bati likabaki, watu wakapimia mahindi, wakapimia mchanga, wakapimia maji, na leo mtu anakuuzia debe la mahindi akiwa ameshika ndoo ya plastiki iliyokuwa na rangi ya ukuta. Hakuna mtaalamu aliyekaa ofisini akabuni debe. Muuzaji na mnunuzi wamelikubali, mambo yanaenda.

Jumamosi, 18 Januari

Kariakoo tangu saa tatu asubuhi mpaka adhana ya adhuhuri. Nimerudi na mbao moja ya papi, vijiti vya shaba vya kuchomelea, waya wa dishi mita 20, na kichwa kinauma. Kila duka nililoingia: "Bosi, unataka antena ya king'amuzi? Hizi hapa, tayari zimeungwa." Nikimwambia naunda mwenyewe ananitazama kama mtu anayefua nguo huku mashine ipo.

Kipokezi tayari tunacho. Shemeji alikuja nacho kutoka Dubai, kidude cha USB kama fleshi. Kilitengenezwa kwa ajili ya kutazama televisheni kwenye kompyuta, halafu watu wakagundua kwamba chipu iliyomo inaweza kusikiliza karibu redio yoyote, kazi nyingine zote zinafanywa na programu. Kwa fundi wa zamani kama mimi hilo linakera kidogo: miaka yote nimezungusha koili kwa bisibisi ya plastiki, leo koili ni hesabu.

Jioni nimeanza kukata. Wimbi la megahezi 436 na ushee lina urefu wa sentimita 68.6, nusu yake 34.3, na vijiti vyote vya antena vinacheza karibu na nusu hiyo: cha nyuma kirefu kidogo, cha kupokelea chini yake, vya mbele vitano vinavyozidi kupungua. Nimekata vyote saba, nikavipanga kwenye papi, mpwa wangu akasema mbona vinaonekana vifupi. Tumepima kwa rula ya shule. Kila kijiti kimepungua sentimita 2 kamili. Ile futi ya chuma niliyoazima kwa jirani imekatika mwanzoni, inaanzia namba 2! Jirani anajua, yeye hujumlisha kichwani. Mimi sikuambiwa.

Jumatatu nanunua vijiti vingine.

Jumapili, 26 Januari

Leo ilikuwa zamu ya kisanduku. Fundi wa madirisha ya alumini hapa barabarani ni mtu hodari, lakini nilipomwambia nataka fremu ya milimita 100 kwa 100 kwa 113.5, na ruhusa ya kukosea ni sehemu moja ya kumi ya milimita, aliweka msumeno chini.

"Kaka, dirisha likipungua milimita tatu sisi tunapiga silikoni."

Nikamweleza. Satelaiti hizi hazifungwi kwenye roketi kwa bolti moja moja. Zinaingia kwenye boksi la alumini lenye mlango mbele na springi nyuma. Boksi la kwanza, lile la Cal Poly, linaitwa P-POD na linameza tatu za kimo kimoja (yaani kisanduku kimoja cha sentimita 10), zimepangana kama biskuti kwenye pakiti. Roketi ikifika, mlango unafunguka, springi inasukuma, zote zinateleza nje kwenye reli zao za pembeni. Ya mbele ikiwa nene kwa unywele, inakwama, na za nyuma yake zinabaki ndani na kazi za watu za miaka mitatu.

Lakini hilo boksi lina kazi nyingine, na kwangu ndiyo kubwa kuliko zote. Roketi huwa imekodiwa na tajiri mwenye satelaiti ya mamilioni ya dola. Yeye hataki kusikia kwamba pembeni yake kuna kitu cha wanafunzi ambacho kinaweza kumeguka, kuwaka kabla ya wakati au kumwagia skrubu. Boksi linamhakikishia kwamba chochote kitakachoharibika kitaharibikia ndani. Mwenye roketi hana haja ya kumkagua mwanafunzi upya kila safari, anaangalia boksi. Kimo kimoja kinaitwa 1U. Ukitaka nafasi zaidi unachukua 2U, 3U, 6U, 12U, unalipia kwa kimo. Uzito nao una mpaka: zamani kilo 1.33 kwa kimo, siku hizi kilo 2.

Fundi akafikiri kidogo. "Yaani hakuna lumbesa."

Hakuna lumbesa. Nimeeleza kwa nusu saa, mwenzangu amemaliza kwa maneno mawili. Gunia linalofungwa na kilemba juu, mkulima akalia na mnunuzi akacheka, huko halipiti: mlango haufungi.

Fremu ya kwanza imetoka 101.2. Ya pili 99.1. Ya tatu 100.4, na hapo tumeweka msasa juu ya kioo cha dirisha tukaanza kuisugua taratibu, duara kwa duara, tunapima kwa vernia ya mkereza vyuma wa jirani. Saa kumi na mbili jioni ilisoma 100.1. Fundi alikataa pesa ya ziada. Ameomba picha tu.

Jumapili, 2 Februari

Tumekosa mapito mawili, na yote mawili kwa sababu ya saa. Bado tunafanya mazoezi na satelaiti ya wanafunzi wa chuo kimoja cha Ulaya, maana inasikika kirahisi zaidi.

Kosa la kwanza ni aibu yangu. Majedwali ya mapito yanaandikwa kwa saa za dunia, UTC. Mpwa wangu aliona 05:10, akajumlisha tatu za kwetu, akaandika kwenye karatasi "8:10", akabandika mlangoni. Mimi nikasoma saa nane na dakika kumi. Nikapanda juu ya slabu mchana wa jua la kukaangia yai, antena begani, nikamkuta hayupo. Alikuwa ameshapanda saa mbili na dakika kumi asubuhi, akanisubiri, akashuka akiwa amenuna. "Mjomba, nane ile ni ya kizungu!" Sasa tumekubaliana: ukiwa na saa za dunia, toa tatu, unapata saa yetu moja kwa moja. 05:10 ni saa mbili na kumi. 17:04 ukitoa tatu ni kumi na nne, ondoa kumi na mbili, saa mbili na dakika nne usiku. Rahisi kuliko kupitia kwa mzungu.

Kosa la pili ni la kompyuta. Betri ndogo ya kwenye bodi imekufa, na huko juu hakuna intaneti ya kuirekebishia saa. Ilikuwa nyuma dakika 6. Kwa daladala dakika 6 ni kituo kimoja. Kwa kitu kinachokimbia zaidi ya kilomita 7 kwa sekunde, kivuli chake ardhini kimeshasogea kilomita 2,500 hivi. Sisi tumeelekeza antena juu ya Dar, yenyewe iko Eritrea.

Betri imenunuliwa, sh. 2,000.

Jumapili, 9 Februari

Umeme umekatika tangu asubuhi. Hakuna kilichofanyika. Nimelehemu plagi mbili kwa pasi ya mkaa nikaunguza moja.

Jumamosi, 15 Februari

Siku ya busta. Nilidhani nina akili: ishara ni dhaifu, basi tia busta ya antena ya TV, si ndiyo kazi yake? Tumeiunga, mpwa wangu kafungua programu, kioo chote kikajaa mistari kama kanga ya zamani. Tukaizima, kioo kikatulia, ishara ya satelaiti ikaonekana nyembamba katikati. Tukaiwasha, mistari. Nilidhani ni mbovu, nikarudi dukani, nikapewa nyingine, yaleyale.

Jibu alilipata yeye. Televisheni za kidijitali zinaanzia megahezi 470, jirani tu na pale tunaposikiliza, na minara yake inarusha kwa nguvu ambayo kisanduku chetu hakiwezi kuiota. Busta haichagui, inapaza vyote, na kipokezi kinazidiwa. Ni kumsogezea mtu spika ya harusi sikioni ili asikie vizuri anayemnong'oneza. Tumeiondoa, na tumeagiza nyingine ya masafa haya tu, yenye chujio mbele. Itachukua wiki kadhaa kufika.

Baada ya hapo ukabaki mlio mwingine, mistari iliyopangana kama meno ya kitana. Nimeutafuta kwa miguu, kompyuta mkononi, antena fupi juu, watu wanatazama. Umenifikisha kwenye kibanda cha chipsi, kwenye adapta ya taa za LED. Nimemwomba Mama wa chipsi azime kwa dakika kumi satelaiti inapopita.

"Wateja wangu wale gizani? Labda mninunulie chipsi mayai."

Gharama ya mradi leo: chipsi mayai mbili, na mishikaki ambayo mpwa wangu anadai nayo ilikuwa lazima.

Jumapili, 23 Februari

Kazi ya mezani, na nimeifurahia kuliko zote.

Kisanduku cha sentimita 10 kinahitaji antena ya zaidi ya sentimita 30, nayo haitaenea kwenye boksi. Suluhisho linalotumika sana ni la kishambashamba kabisa: vipande vya futi ya chuma ya fundi, kwa sababu chuma chake ukikikunja kinataka kunyooka. Unakizungusha kwenye mwili wa satelaiti, unakifunga kwa mshipi wa kuvulia, na mshipi unapitishwa juu ya kiwaya kinachopata moto. Ukifika angani unapitisha umeme, mshipi unakatika, antena inaruka na kunyooka. Masharti yanataka usubiri angalau nusu saa baada ya kutoka kwenye boksi, usije ukafungulia mikono yako karibu na roketi au jirani.

Nilijua futi gani ya kukata. Jirani nimemnunulia mpya, inayoanzia sifuri.

Vipande viwili vya sentimita 17. Mshipi nimeununua Feri kwa mtu wa nyavu. Waya wa moto nimeutoa kwenye pasi iliyokufa. Jaribio la kwanza: harufu ya plastiki, moshi kidogo, mshipi ukayeyuka ukagandia palepale badala ya kukatika. Fundo lilikuwa limelegea. Tumeufunga upya, umevutwa mpaka unalia ukiugusa kwa kucha.

Jaribio la pili: nusu saa ikaisha, tukasubiri, kimya. Tukasubiri tena. Kimya. Mpwa wangu akaunga kompyuta kuangalia kinachoendelea ndani, akaanza kucheka peke yake. Nusu saa ikiisha, chipu inawasha waya wa moto. Waya unavuta umeme mwingi, betri inashuka ghafla, chipu inazimika. Inapozinduka inadhani ndiyo kwanza imetoka kwenye boksi, inaanza kuhesabu nusu saa upya. Ingehesabu hivyo mpaka mwisho wa dunia.

Hapa mezani ni kichekesho. Huko juu hakuna wa kuipiga kofi. Satelaiti nyingi za kwanza za vyuo zilitoka kwenye boksi salama na hazikusikika hata mara moja, na nikiangalia hiki kimeza changu naanza kuelewa namna mambo yanavyokuwa. Tumerekebisha: chipu inaandika kwenye kumbukumbu ya kudumu kwamba imeshasubiri, na kapasita kubwa inabeba mzigo wa waya. Jaribio la saba, sekunde 4, tak! Kipande cha futi kimenipiga kidoleni. Kinauma mpaka sasa.

Jumapili, 2 Machi

Mtaani habari iliyoenea ni kwamba tumefunga antena ya kuiba mpira. Leo mzee mmoja, baharia mstaafu, amepanda ngazi taratibu mpaka juu.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba. Hii inaleta Ligi ya Uingereza?"

Nikamwambia haileti, akakaa hata hivyo kwenye tofali akataka kujua basi inafaa nini. Kwa baharia nikaanza na meli. Kila meli kubwa inatangaza jina lake, mahali ilipo na inakoelekea kwa redio, mfumo wanaouita AIS. Kituo cha pwani kinaisikia ikiwa karibu, ikishazama nyuma ya upeo imepotea. Kampuni ya Spire ina satelaiti za 3U, Lemur-2, zinazosikiliza matangazo hayo kutoka juu, bahari nzima. Mzee akatikisa kichwa: enzi zake mkiondoka Dar, mwenye meli alikuwa anajua mmefika mkishatia nanga. Satelaiti hizohizo zinasikiliza pia ishara za GPS zinapopenya kwenye hewa ya dunia na kupinda. Namna zinavyopinda inaeleza joto na unyevu, na watabiri wa hali ya hewa wanazitumia.

Halafu picha. Kampuni ya Planet inapiga dunia picha kwa makundi ya satelaiti za 3U zinazoitwa Dove, njiwa. Tarehe 15 Februari 2017 roketi moja ya India, PSLV, ilibeba satelaiti 104 kwa mkupuo, na 88 kati yake zilikuwa njiwa hao. Njiwa mmoja si kitu. Ukiwa nao wengi wanapita kila siku, na shamba lililokatwa msitu wiki iliyopita linaonekana wiki hii.

Akauliza zinafika wapi. Nikamwambia mbili za 6U, MarCO, zilifuatana na chombo cha InSight mpaka Mars, na tarehe 26 Novemba 2018 kilipokuwa kinatua zikapokea taarifa zake na kuzirusha duniani papo hapo. Zilikuwa na ukubwa wa mkoba wa ofisi. Mzee akanitazama kwa muda. "Mars." "Ndiyo mzee." "Na mpira hamna."

Sikumdanganya kwamba zinaweza kila kitu. Kioo cha kamera hakikui kwa kutaka. Kwenye upana wa sentimita 10 hutaona namba ya gari, fizikia haina undugu. Na ubavu mmoja wa 1U unazalisha kama wati 2 ukiwa juani vizuri. Taa ya choo inashinda.

Jumapili, 9 Machi

Busta yenye chujio bado haijafika. Kwa hiyo hesabu.

XI-IV inapita juu ya ncha za dunia, kaskazini-kusini, kimo cha kilomita 820 hivi, mzunguko mmoja dakika 101. Mtu aliye Svalbard, karibu na Ncha ya Kaskazini, anaiona karibu kila mzunguko, mara 14 kwa siku. Sisi wa karibu na Ikweta tunapata mapito manne au matano kwa siku, mengi yake yakiwa chini ya upeo wa mapaa, labda moja au mawili ya juu. Mpwa wangu ameona huo ni uonevu.

Nikamkumbusha kwamba kuna upande wa pili. Kitu kinachozunguka sambamba na Ikweta kinatupitia sisi kila mzunguko, na mtu wa Svalbard hakioni kabisa. Waitaliano walilijua hilo mapema. Pale Ngomeni, karibu na Malindi, walisimamisha jukwaa la San Marco baharini, na tarehe 12 Desemba 1970, siku ya uhuru wa Kenya, roketi iliyotoka hapo ikabeba satelaiti ya Marekani ya kutafuta miale ya eksirei angani. Wakaipa jina la Uhuru. Orodha yake ya mwisho ina vyanzo 339 vya eksirei, na wanaastronomia duniani kote wanatamka neno letu bila kukosea. Uhuru ilikuwa na uzito wa kilo zaidi ya 140.

Miaka 48 baadaye Kenya ilirudi na kilo moja na kitu. Chuo Kikuu cha Nairobi kilipata nafasi kwenye mpango wa KiboCUBE wa Umoja wa Mataifa na Japani, na tarehe 11 Mei 2018 satelaiti yao ya 1U, 1KUNS-PF, ikatolewa kutoka Kituo cha Kimataifa cha Anga. Rwanda wakafuata na RWASAT-1, 3U, tarehe 20 Novemba 2019. Uganda na PearlAfricaSat-1, 1U, tarehe 2 Desemba 2022, kazi ya wahandisi wao waliosomea Kyushu, Japani, iliyotoka pamoja na ya Zimbabwe. Kenya tena na Taifa-1, 3U, tarehe 15 Aprili 2023. Tatu za kwanza zilitolewa kwenye kituo, ambako kimo ni kilomita 400 tu na hewa iliyobaki inazivuta chini; ile ya Nairobi ilidumu miaka miwili ikaungua. Nimeziandika hapa kwa sababu leo kijana mmoja amenibishia kwamba hakuna nchi ya jirani iliyowahi kurusha. Nimemwonyesha ukurasa.

Jumamosi, 22 Machi

TUMEISIKIA.

Busta ilifika Alhamisi. Pito la usiku, linapanda hadi digrii 61 juu ya upeo, upande wa mashariki. Mama wa chipsi alizima taa bila kuombwa, ameshazoea. Mpwa wangu kwenye kompyuta, mimi nimeshika antena kwa mkono, kama mtu anayeelekeza bomba la maji kwenye moto asiouona.

Dakika mbili za kwanza, kuvuma tu. Satelaiti ikichomoza iko zaidi ya kilomita 3,000 kutoka hapa, na kwa kuwa inatujia mbio, sauti yake inapanda kwa kilohezi 9 hivi juu ya ilipoandikwa. Ikiondoka inashuka kiasi hicho hicho chini. Ni honi ya basi la mkoa linalokupita barabarani. Programu inafuata mteremko huo, ila wewe usiiamini, angalia na macho. Nilikuwa naangalia macho ya mpwa wangu. Yalipotoka nikajua.

Kistari chembamba kwenye kioo. Nikazungusha mkono kidogo, kikanenepa. Akaongeza sauti: tii, ti-tii, ti... Morse. Safi, ya taratibu, kama mtu anayegonga mlango kwa adabu. Hatukuandika herufi hata moja, tumesahau kalamu, tumesahau hata kurekodi mpaka dakika ya tano. Katikati ya pito ikapotea ghafla kwa sekunde kama 20. Nilidhani imekufa mikononi mwangu. Nikashusha antena, ikarudi.

Nimekaa juu ya slabu baada ya kuzimika nikawaza jambo lisilopendeza. Kinachonifurahisha usiku huu, kwamba iko juu tangu 2003 na haitashuka leo wala kesho, ndicho wengine wanachokilalamikia. Kwenye kilomita 820 hewa ni kama hakuna. Visanduku vilivyotoka nayo vikanyamaza bado vinazunguka, na kila mwaka vinaongezwa vingine. Marekani mwaka 2022 imepitisha kwamba satelaiti za chini zikimaliza kazi zishuke ndani ya miaka 5, zamani ilikuwa 25. Ni haki. Kwa sheria hiyo mzee wangu asingepewa kibali leo.

Jumamosi, 5 Aprili

Masika imeanza. Antena imefunikwa nailoni, waya wa dishi umebadilishwa plagi. Tuna rekodi tatu nzuri na moja iliyojaa sauti ya jogoo.

Mfano wa mezani umepitishwa mikono ya vijana kumi na wanne. Umerudi na reli moja imekunjika, 100.1 imekuwa 100.6. Fundi alumini amesema uachwe hivyohivyo, amepata kalibu nzuri zaidi na atakata mwingine.

Zile sekunde 20 za kupotea tumezipatia jibu leo. Tumelinganisha mapito matatu: ishara inakatika kila mara antena inapoelekea upande wa kisima, hata mbingu ikiwa wazi. Upande huo, kutoka nguzo yetu mpaka nondo ya kona, mama amefunga kamba ya nguo. Si kamba, ni waya wa fensi. Na usiku ule ilikuwa na kanga mbili na shuka, mbichi.

Mama amesema waya ulikuwepo kabla ya satelaiti. Tumemnunulia kamba ya katani, tumemfungia upande wa barabara.